Albamu ya Kwanza ya Fundi Waya

Kila asubuhi, kabla hajamwamkia mtu yeyote nyumbani, marehemu shangazi yangu aliweka kiganja juu ya friji, akafumba macho, akavuma nayo kwa midomo iliyofungwa mpaka sauti yake na ya friji zikawa moja. Kisha alitoa hukumu. "Leo umeme umelegea," alisema. Au, "Leo umeme una hasira, mtu asiwashe pasi." Baada ya hapo ndipo aliposema habari za asubuhi. Watoto wake walikua wakidhani kila mama hufanya hivyo. Mumewe anasema kwamba katika miaka yao yote ya ndoa marehemu alikosea mara moja tu, na hata siku hiyo ilikuja kuonekana kwamba mwenye kosa ni friji.

Marehemu, ambaye wengi wenu mlimfahamu kwa jina la Fundi Waya, alizaliwa tarehe 14 Machi 1961 katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya stesheni ya treni, ambako marehemu babu yetu alikuwa mfanyakazi wa reli. Alikuwa mtoto wa kwanza wa Bibi, ambaye tunashukuru yuko nasi hapa mbele. Miaka miwili baadaye alizaliwa mdogo wake wa pekee, ambaye ndiye baba yangu. Bibi alikuwa akifua mashuka ya hospitali, na alipokwenda kazini aliwaacha watoto chini ya uangalizi wa jirani, yaani, kwa kweli, mmoja chini ya uangalizi wa mwenzake.

Ala ya kwanza ya marehemu ilikuwa kopo la biskuti alilolivisha mipira ya kufungia mabunda ya karatasi. Aliipiga ili mdogo wake asilie. Mdogo wake hakulia, lakini hakunyamaza pia. Alisimama kwa kushikilia ukingo wa kitanda akaimba juu ya lile kopo kwa nguvu zake zote, na ndipo alipopewa jina la Chiriku, ambalo analo mpaka leo. Bibi anasimulia, "Huyu anapiga, yule anapiga kelele juu yake. Nikiingia nikasema nyamazeni, mmoja ananyamaza." Nikimuuliza ni yupi aliyenyamaza, Bibi huniangalia kwa huruma. "Wewe baba yako humjui?"

Marehemu alianza shule ya msingi mwaka 1968. Aliipenda hesabu na alichukia mashairi, jambo ambalo baadaye lilimfaa kwa sababu mashairi aliachiwa mwingine. Alipokuwa darasa la sita alirudishwa nyumbani kwa kuifungua kengele ya umeme ya shule. Hakuwa ameiharibu. Tatizo ni kwamba alipoifunga tena ililia kwa sauti ya chini zaidi, nzito na ya kupendeza, na mwalimu mkuu alisema hawezi kuongoza shule yenye kengele inayobembeleza. Alimaliza sekondari mwaka 1978, akajiunga na chuo cha ufundi kusomea umeme. Siku ya kwanza mkufunzi alimkuta amekaa mstari wa mbele, akamwambia kwa upole, "Binti, ushonaji ni jengo la pili."

"Najua," marehemu alijibu. "Nimelipita nikija huku."

Alihitimu mwaka 1981 na kuajiriwa katika karakana ya kusuka mota, kwenye mtaa wa maduka ya vifaa vya ujenzi. Wengi mnaikumbuka: chumba kirefu chenye mlango wa bati, meza moja ya mbao iliyoungua pembe zote, harufu ya vanishi inayokaa kwenye nguo hata zikifuliwa. Kazi yake ilikuwa kuchukua mota iliyoungua ya pampu, feni au mashine ya kusaga, kutoa waya wote wa zamani, kisha kusuka mwingine mpya kwa mkono, mzunguko kwa mzunguko, bila kupishana hata kidogo. Mwenye karakana alipostaafu alimwachia marehemu funguo, naye akaiendesha karakana hiyo mpaka alipougua.

Wateja wapya walipata shida kidogo. Waliingia na mota begani, wakamtazama mwanamke mwenye miwani aliyeketi mezani, wakauliza:

"Fundi yupo?"

"Yupo."

"Hebu niitie."

"Ameshaitika."

Gitaa lake la kwanza lililetwa karakanani ndani ya gunia. Mteja mmoja alileta pampu, na katika gunia hilohilo kulikuwa na gitaa la umeme lililovunjika shingo ambalo alikusudia kulitupa njiani. Marehemu aliliomba. Aliigundisha shingo yake. Kwa wasiojua, chini ya nyuzi za gitaa la umeme kuna sumaku iliyozungushiwa waya mwembamba kama unywele, na hicho ndicho kinachousikia uzi ukitikisika na kupeleka habari kwenye spika. Waya wa gitaa lile ulikuwa umekatika. Marehemu aliusuka upya kama alivyosuka mota, akajaza nafasi yote kisha akaongeza. Sauti iliyotoka haikuwa safi. Ilinguruma na kukwaruza kama mtu aliyeamshwa kabla ya wakati wake. Watu walimshauri aitengeneze. Aliwaambia imeshatengenezwa.

Mwaka 1982 marehemu, mdogo wake, na fundi wa kupaka magari rangi wa karakana ya jirani, ambaye alipiga dramu, walianzisha bendi ya roki. Wapiga besi walikuja na kuondoka, lakini hao watatu hawakubadilika. Walifanyia mazoezi ndani ya kibanda cha kupakia rangi, na ndiyo sababu picha zao zote za zamani zinaonyesha nywele zenye vumbi la buluu au la kijani. Siku walipopiga kwa mara ya kwanza mbele ya watu, mzee mmoja wa safu ya nyuma alisimama akasema, "Huu si muziki, hii ni ajali." Bendi iliipenda sana kauli hiyo, na kwa miaka mingi Baba aliitumia kufungulia maonyesho. "Mabibi na mabwana," alikuwa akisema, "ajali imetokea!"

Marehemu alipiga huku ameegemea upande, uso wake ukimwelekea mpiga dramu, macho yake chini. Hakuzungumza jukwaani hata mara moja. Aliyezungumza, aliyeruka, aliyechana shati na kushuka kuwashika watu mikono alikuwa Baba. Naomba niseme kwamba Baba ana sauti nzuri, ili nikiendelea nisionekane nimesahau. Lakini Baba huanza kuimba kitu kabla hakijamaliza kuzaliwa. Mazoezini marehemu aliketi akitafuta mstari wa gitaa taratibu, akikosea, akirudia, na kabla hajaufikisha mwisho Baba alikuwa tayari anauimba juu yake kwa sauti kubwa. Wimbo ulipokamilika hakuna aliyeweza kusema nani alitangulia, na Baba alikumbuka, bila hila yoyote, kwamba ulitoka kwake. Mpiga dramu, aliyekaa nyuma yao muda wote huo, anasema, "Dada anatafuta, kaka anaokota. Nami kazi yangu ilikuwa kugonga, si kutoa ushahidi."

Tarehe 5 Desemba 1987 marehemu alifunga ndoa na mpima ardhi aliyeleta pampu ya maji karakanani, akaileta tena wiki iliyofuata, na tena, mpaka marehemu akamwambia, "Bwana, pampu hii haina ugonjwa. Sema unachotaka." Alisema. Mwenyezi Mungu aliwajalia watoto wawili: wa kwanza ni muuguzi, wa pili anaoka mikate. Mume wa marehemu hakuwahi kuupenda muziki wa roki na hakuwahi kukosa onyesho hata moja. Alikaa safu ya mbele, suruali imepigwa pasi, pamba imejaa masikioni. Watu walipomcheka alisema, "Mke nampenda, kelele sizipendi. Mnataka nifanyeje?"

Sehemu inayofuata nimeiandika kwa ruhusa ya Baba, ambaye aliniambia, "Andika ilivyokuwa. Usinipake mafuta."

Mwezi Agosti mwaka 2010 bendi ilialikwa redioni. Mtangazaji alisifu nyimbo zao, kisha akauliza ile mistari ya gitaa huwa inatoka wapi. Swali alilielekeza kwa marehemu, lakini Baba ndiye aliyekuwa karibu na kipaza sauti.

"Kwangu!" alisema huku akicheka. "Mimi namwimbia, dada anapiga. Mimi ndiye kichwa, yeye ndiye mkono."

Wote walicheka. Mtangazaji alimgeukia marehemu. "Ni kweli, mama?"

"Tupige wimbo," marehemu alisema.

Walipiga wimbo, na ulikuwa wa mwisho. Walipotoka nje marehemu alipakia amplifaya yake kwenye gari la mumewe, akafunga buti, akamwambia mdogo wake, "Chiriku, kichwa kitafute mkono mwingine." Baba alidhani ni utani wa dada. Alingoja wiki nzima. Alipokwenda karakanani alikuta gitaa limetundikwa ukutani, juu kabisa, likiwa limefunikwa kwa gunia.

Hawakukosana kama watu wanavyokosana. Walisalimiana, walikula meza moja, waliuguza pamoja, walimzika babu wakiwa wamesimama bega kwa bega. Ila muziki haukutajwa. Mtu akiteleza ulimi akasema gitaa, mmoja wao alikwenda kuangalia kama mlango umefungwa. Hali hiyo ilidumu kwa miaka kumi na miwili, na kwa sisi watoto iligeuka kuwa kitu cha kawaida nyumbani, kama kiti kibovu ambacho wote mnajua msikikalie.

Mwezi Oktoba 2022 marehemu alianza kuangusha waya. Vidole vyake vya mkono wa kushoto havikuushika tena ule mwembamba. Alipimwa macho, akapewa miwani mipya, akaendelea kuangusha. Mwanawe muuguzi alimpeleka kwa daktari bingwa, ambaye baada ya vipimo vingi aliwaeleza kwamba ni ugonjwa wa neva zinazoendesha misuli, na kwamba hauna tiba. Mumewe alilia palepale. Marehemu aliuliza utaanzia wapi.

"Mkono wa kushoto umeshaanza," daktari alisema. "Halafu wa kulia, na miguu. Baadaye kumeza, kuzungumza, na pumzi."

"Na sikio?"

"Sikio hauligusi."

"Basi tunaelewana," marehemu alisema.

Wiki hiyohiyo alimtuma mumewe apande ngazi alishushe gitaa. Alisema anataka kurekodi albamu. Hakuwa na maana ya bendi. Alikuwa na umri wa miaka sitini na mmoja, alikuwa amepiga gitaa katika albamu sita zenye picha ya Baba mbele, na hii ingekuwa ya kwanza iliyo yake mwenyewe.

Studio ilikuwa chumba nyuma ya duka la kuchapisha kadi, kuta zake zimefunikwa kwa magodoro ya zamani, na mashine za kukata karatasi zilipofanya kazi upande wa pili ilibidi wote wasubiri. Fundi mitambo alikuwa kijana anayeitwa Kofia, kwa sababu ambayo mnaiona hata leo. Mpiga dramu alikuja, akiwa na goti bovu na furaha kubwa. Besi marehemu aliipiga mwenyewe. Walianza Februari 2023, na kila mmoja chumbani alijua kwamba wanashindana na mkono ule, kwa hiyo hakuna aliyepoteza muda kusema.

Walirekodi wimbo wa kwanza. Marehemu alipiga utangulizi uliowafanya wenye duka kuacha kukata karatasi. Kisha, wimbo ulipochangamka, gitaa likashuka. Likabaki linagusagusa chini kabisa, kwa adabu, kama mtu aliyepisha mlangoni, huku dramu zikiendelea peke yake. Baada ya muda likapanda tena. Kofia alisimamisha.

"Mama, hapa mbona umeacha?"

"Sijaacha. Hapo anaimba."

"Nani anaimba?"

Mpiga dramu aliweka vijiti chini. "Waya," alisema taratibu, "Chiriku hayumo humu."

Walisikiliza tena, akawapigia na vipande vya nyimbo nyingine, na ikawa hivyo hasa. Nyimbo zote alizokuwa amezitunga, kichwani mwake, peke yake, katika miaka yote ile ya ukimya, zilikuwa na nafasi. Pale penye ubeti gitaa lilishuka. Pale penye kiitikio lilisogea pembeni. Alikuwa ametunga albamu nzima ya mtu mmoja huku akimpisha mwingine. Aliona aibu, kwa mujibu wa mpiga dramu, akataka kuanza upya. Alijaribu kuzijaza zile nafasi. Kila alipofika pale mkono wenyewe ulishuka, hata alipojikaripia kwa sauti, na kila jaribio liliuchosha mkono ambao haukuwa na nguvu za ziada.

Kofia alipendekeza kinanda. Marehemu alikataa. Kofia akapendekeza binti mmoja anayeimba vizuri kanisani kwao. Marehemu alikataa, akaomba wapumzike. Alikaa juu ya amplifaya yake akasikiliza wimbo ule tangu mwanzo, akiwa amefumba macho, kisha akasema, "Acheni hivyohivyo. Twende wa pili."

Mpiga dramu, kwa nia njema kabisa, alikwenda moja kwa moja kwa Baba. "Dada yako amekuachia nafasi," alimwambia. "Nyimbo zote!"

Sijawahi kumwona Baba akifurahi namna ile. Alikunywa maji ya moto asubuhi na jioni kulainisha koo. Alimwomba Mama ampigie pasi shati la jukwaani, ambalo halikufunga tena vifungo viwili vya tumboni. Mama, ambaye ni wifi wa marehemu na hakuwahi kumwonea haya yeyote kati yao, alimwambia, "Unakwenda kurekodi, si kuchumbia." Bibi naye alimpigia simu marehemu akamwomba, "Mpe mwenzako aimbe, mwanangu, hata mmoja tu." Marehemu alimsikiliza mpaka mwisho, akasema, "Mama, nimempa miaka ishirini na minane," lakini hakusema atafanya nini.

Baba alifika studio siku ya Jumanne, saa za asubuhi. Aliyasimulia haya mwenyewe, na Kofia ameyathibitisha.

"Dada, nimesikia kuna nafasi."

"Zipo, Chiriku."

"Basi niingie. Maneno ninayo. Kufika mchana nimemaliza zote."

"Hapana."

Baba alicheka kidogo. "Hapana ya leo, au hapana kabisa?"

"Hapana kabisa."

"Utatoa albamu ina matundu? Watu watakucheka."

"Wacheke. Shikilia ukuta hapo nyuma yako, kuna waya, usianguke."

Baba alitoka. Marehemu aliendelea na wimbo wa nne.

Kufikia wimbo wa saba alikuwa amebakiwa na vidole viwili vyenye nguvu. Alibadilisha mkazo wa nyuzi zote sita, akazipanga upya ili vidole viwili vitoshe, akapiga. Wanaojua gitaa wanasema huo ndio wimbo bora kuliko yote aliyowahi kupiga popote. Wa nane na wa tisa alizipiga kwa kulaza gitaa mapajani. Mwezi Julai alimaliza, na tarehe 10 Novemba 2023 albamu ilitoka. Jalada lake halina picha ya mtu. Lina picha ya meza ya karakana.

Ilipokelewa kwa namna mbalimbali. Yule kijana wa dukani anayewawekea watu nyimbo kwenye simu alirudishiwa pesa si mara moja, wateja wakidai mzigo ni mbovu, mwimbaji hatoki. Lakini wengine waliisikiliza, wakaisikiliza tena, na marehemu alipokea simu kutoka kwa wapiga gitaa asiowajua ambao walishindwa kueleza walichopigia. Mumewe aliisikiliza albamu nzima bila pamba masikioni. Alipoulizwa ameionaje alisema, "Bado ni kelele. Lakini sasa nazijua."

Baba hakuisikiliza. Mama alipomletea aliizima. "Amenifungia mlango," alisema. "Nikasikilize nini, mlango?"

Tangu Januari mwaka huu marehemu hakutoka kitandani, na tangu Machi kuzungumza kulikuwa kazi nzito. Kila neno alilitafuta, akalisogeza, akalitoa. Mumewe aliweka sheria, na aliibandika mlangoni: kila mgeni aulize swali moja tu, kisha azungumze yeye. Watu walikaa kwenye korido wakifikiri cha kuuliza. Mjukuu wake mkubwa aliuliza kama wimbo huanzia kwenye vidole au kichwani, akajibiwa, "Masikioni." Mama yangu alifikiri kuliko wote, akaingia, akafunga mlango, akauliza ile sufuria kubwa iko wapi. "Kwako," wifi yake alimjibu, na walicheka mpaka mwanawe muuguzi akaingia.

Baba alikuja kila siku. Alimwosha dada yake mikono kwa maji ya uvuguvugu, akavinyoosha vidole kimoja kimoja kama alivyoelekezwa, huku akimweleza habari za mtaani, bei za vitu, nani kaoa, nani kahama. Alizungumza bila kupumzika, na marehemu alimwangalia kwa macho ya mtu anayesikia kitu anachokijua. Siku zote hizo Baba hakulitumia swali lake. Nilimsikia mara moja kwenye korido akimwambia mume wa marehemu, "Shemeji, nikimuuliza akaniambia ni kwa sababu ya ile redio, nitafanya nini?"

Marehemu alifariki nyumbani kwake asubuhi ya Jumapili tarehe 9 Juni 2024, mumewe na watoto wake wakiwa kando yake na mdogo wake akiwa ameshika miguu yake. Alikuwa na umri wa miaka sitini na mitatu.

Ameacha mama mzazi, mume, watoto wawili, wajukuu watatu, mdogo wake wa pekee, wifi yake, mpwa wake mmoja ambaye ndiye msomaji wa wasifu huu, mpiga dramu wake, mafundi watano aliowafundisha kazi, na nyimbo tisa. Familia inawashukuru madaktari, wauguzi, majirani na wenye duka la kadi, waliosimamisha mashine zao mara nyingi kuliko walivyotakiwa. Alifanya kazi yake vizuri na amechoka. Mungu ampe mahali pa utulivu na amwache apumzike.

Kama mnavyoona kwenye ratiba, baada ya usomaji huu utapigwa wimbo wa saba. Wengi mtausikia kwa mara ya kwanza, na Baba pia, kwa kuwa amekubali kukaa. Kabla haujapigwa ninaomba kusema jambo moja, ambalo marehemu hakunikataza kulisema.

Mimi pia nilikuwa na swali moja. Nililitumia mwezi Mei, siku ambayo Baba alikuwa ametoka kwenda kumwaga maji. Nilimuuliza, "Shangazi, kwa nini ulimkatalia Baba kuimba?"

Alichukua muda mrefu kuyapanga maneno.

"Akiimba hasikii," alisema. "Nilitaka hii aisikie."